Neno Mbele ya Gitaa: Wimbo "If Rap Gets Jealous" wa K'naan na Historia ya Ushairi wa Kisomali

Historia za muziki wa roki hupenda nasaba. Kundi hili lilizaliwa na lile, mtindo huu ni mtoto wa mitindo miwili iliyooana, na wimbo usiojulikana wazazi wake huwekwa pembeni kama mwana wa kuokota. Ndivyo unavyoweza kufanyiwa wimbo "If Rap Gets Jealous" wa msanii K'naan. Ulitoka mara ya kwanza mwaka 2005 katika albamu The Dusty Foot Philosopher, kisha ukarekodiwa upya katika albamu Troubadour ya mwaka 2009, safari hii ukiwa na gitaa la umeme la Kirk Hammett wa kundi la Metallica. Mwandishi wa historia ya metali atauona kuwa ni wimbo wa rapu ulioazimwa gitaa. Mwandishi wa historia ya rapu naye atauona kuwa ni mchezo wa kando katika albamu iliyokuja kujulikana kwa wimbo mwingine kabisa. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba wote wawili huutazama kupitia dirisha lisilo lake. Wimbo huu unayo nasaba, ila nasaba hiyo haianzii Los Angeles wala New York. Inapita Mogadishu, Hargeisa na Aden, na inafika hadi kwenye visima vya ngamia vya Wajir, katika nchi ya Hadado na majirani zake, ambako swali la nani atangulie, neno au ala, ni la zamani kuliko roki yenyewe.

Tuanze na nasaba ile inayojulikana, na tuipite upesi. Metali ilipata umbo lake Uingereza mwaka 1970 kwa albamu za mwanzo za Black Sabbath. Metallica ilianzishwa California mwaka 1981, na Hammett akajiunga nayo mwaka 1983. Rapu na gitaa la roki zilikutanishwa mbele ya umma mkubwa mwaka 1986, Run-D.M.C. waliporekodi upya "Walk This Way" pamoja na wanamuziki wa Aerosmith wenye wimbo huo. Mwaka 1991 Public Enemy na Anthrax walifanya vivyo hivyo kwa "Bring the Noise", na mwaka 1992 Rage Against the Machine wakatoa albamu yao ya kwanza. Baina ya hapo Faith No More walikuwa wamekwisha kuchanganya gitaa zito na usemaji wa kasi katika "Epic". Kutokana na makundi ya namna hii ndipo lilipoenea jina la metali mbadala, yaani metali inayoukubali mchango wa rapu, fanki na panki na kuyakataa baadhi ya masharti ya utanzu wake. Kwa kalenda hii, wimbo wa mwaka 2009 ni mgeni aliyefika sinia zimekwisha kuoshwa. Mchanganyiko wenyewe ulikuwa umekwisha kuzoeleka, kuchosha na kutupwa na wengi wa walioupenda. Kama kipimo ni hicho peke yake, basi hatuna la kuzungumza.

Lakini nani aliyeimba? Keinan Abdi Warsame alizaliwa Mogadishu mwaka 1978. Babu yake, Haji Mohamed, alikuwa mshairi, na shangazi yake ni Magool, mwimbaji mashuhuri wa Somalia aliyefariki mwaka 2004. Mwaka 1991, serikali ya Siad Barre ilipokuwa ikianguka, mama yake alifanikiwa kuwatoa watoto nchini, wakaenda New York na baadaye Toronto. Imeelezwa mara nyingi kwamba kijana huyu alizishika beti za rapu kwa masikio, akiziiga sauti zake kabla hajaelewa Kiingereza. Jambo hili hutajwa kama kichekesho cha maisha ya msanii. Kwa mhakiki wa fasihi ni jambo zito: lugha ilimjia kwanza kama mpangilio wa sauti, na maana ikafuata nyuma. Jina lake la kwanza kusikika duniani pia halikuletwa na ala yoyote. Alisimama mbele ya Shirika la Umoja wa Mataifa la Wakimbizi na kutamka utungo wa kulilaumu shirika mama kwa yaliyotokea Somalia. Alikuwa na sauti yake tu.

Kusimama na sauti tupu mbele ya wenye mamlaka ni desturi ambayo mtu wa Hadado haitaji kuelezwa. Katika ushairi wa Kisomali kuna mgawanyo ambao wahakiki wa Kiswahili tungefaidika kuufahamu. Upande mmoja ni maanso, utungo wa watu wazima: gabay, geeraar na jiifto kwa wanaume, na buraanbur kwa wanawake. Maanso hutungwa na mtu anayejulikana kwa jina. Wanaoihifadhi huikariri neno kwa neno bila kuongeza chao, na wakimtaja mtunzi kabla ya kuanza. Gabay hughaniwa kwa mahadhi, bila ngoma na bila uzi wa ala. Upande wa pili ni hees, wimbo, ambao kwa asili ni wa kazi na wa ngoma: wimbo wa kupakia ngamia, wa kutwanga, wa kusuka mikeka, wa kunywesha mifugo. Hees za aina hiyo aghalabu hazina mtunzi anayetajwa.

Masharti ya maanso ni makali, pengine kuliko ya tarbia yetu. Mshairi huchagua sauti moja ya mwanzo, tuseme /d/, na katika kila kipande cha mshororo, tangu mwanzo hadi mwisho wa utungo, lazima liwemo neno linaloanza kwa sauti hiyo. Akichagua irabu, irabu yoyote huweza kuitikia irabu nyingine. Ni vina vya mwanzo badala ya vina vya mwisho, na utungo wa mishororo mia hufungwa na kina kimoja tu. Juu ya hayo kuna mizani inayohesabu urefu wa irabu, ambayo kanuni zake hazikuandikwa hadi Mohamed Hashi Dhamac, maarufu kwa jina la Gaarriye, alipozichapisha gazetini Mogadishu mwaka 1976, miaka minne tu baada ya Kisomali kupewa hati rasmi ya Kilatini. Washairi walikuwa wamezifuata karne kwa karne bila kuwa na jina la kuziita. Hapa tunapenda kutoa tahadhari. Tangu Richard Burton aandike mwaka 1856 kuhusu wingi wa washairi katika nchi ya Wasomali, sifa ya "taifa la washairi" imegeuka chapa ya biashara, na K'naan mwenyewe ameitumia bila haya. Sifa hiyo haitusaidii kuuhakiki utungo wowote. Mgawanyo wa maanso na hees ndio unaotusaidia.

Mwanafunzi wetu mmoja wa shahada ya umahiri, mzaliwa wa Hadado, alisikilizishwa toleo la mwaka 2009 katika semina. Alipoulizwa ni utungo wa aina gani, hakusita: ni hees. Kuhusu gitaa alisema jambo ambalo wenzake walilicheka, kwamba linamkumbusha watu wakivuta maji kisimani. Ulinganisho ule ulikuwa wa papo kwa papo, lakini una jambo ndani yake. Wajir inajulikana kwa visima vyake, na kazi ya kuwanywesha ngamia ni ndefu na ya kuchosha. Wavutaji hupokezana chombo kutoka chini hadi kwenye birika, na wimbo wao hukatwa vipande vifupi vinavyolingana na mvuto wa mkono. Kipande hicho kifupi hurudiwa na kurudiwa. Maneno ni machache, uzito umo katika marudio. Gitaa la metali nalo hujengwa juu ya mfuatano mfupi wa noti nzito unaorudiwa hadi msikilizaji ausikie kifuani. Hatudai kwamba Hammett alipata kusikia wimbo wa kisimani. Tunadai kwamba msikilizaji aliyelelewa kwenye nyimbo hizo hana sababu ya kuuona mdundo wa metali kuwa kitu kigeni, na kwamba anapouweka wimbo wa K'naan katika fungu la hees anautamkia hukumu: ndani yake mna mwili, kazi na ala, kwa hiyo hauna heshima ya maanso.

Hukumu hiyo ina historia. Katikati ya miaka ya 1940, huko kaskazini katika Somalia ya Kiingereza, dereva wa lori aitwaye Abdi Deeqsi, aliyepewa lakabu ya Sinimo, alianzisha utungo mfupi wa mapenzi ulioitwa belwo. Husimuliwa kwamba lori lake liliharibika njiani, na katika kukata tamaa akatamka mishororo ya kwanza. Iwe kweli au hekaya, inapendeza kwamba utanzu wa kisasa wa Kisomali umezaliwa juu ya injini iliyokufa. Belwo iliimbwa kwa makofi na ngoma, vijana wa kike na wa kiume wakiwa pamoja. Wazee wa dini waliilaani na washairi wa gabay waliidharau, kwa kuwa ilikuwa fupi mno, nyepesi mno na yenye kelele mno. John William Johnson, katika utafiti wake uliochapishwa mwaka 1974, ameonyesha jinsi belwo kadhaa zilivyounganishwa zikawa wimbo mrefu, heello, na jinsi heello ilivyoacha mapenzi peke yake na kuingia katika siasa za uhuru.

Aliyeipa heello uzi wa ala ni Abdullahi Qarshe, na hapa historia inatugusa karibu kuliko tulivyozoea kudhani. Mtu anayeitwa baba wa muziki wa Kisomali alizaliwa Moshi, Tanganyika, mwaka 1924. Akiwa mtoto alihamia Aden, na huko akaipenda kaban, ambayo ni udi ule ule wa taarab ya Lamu na Unguja. Aliporudi nayo katika nchi ya wazazi wake, ala hiyo ilikuwa na sifa mbaya ya kuwa chombo cha walevi na mashetani. Qarshe aliishinda sifa hiyo kwa kuitia kaban chini ya maneno yaliyokuwa na uzito wa maanso, yaani nchi, bendera na uhuru. Muziki ulisamehewa kwa sababu ya neno. Kuanzia hapo kazi ikagawanywa rasmi: mmoja hutunga maneno, mwingine hutunga lahani, wa tatu huimba, na anayehojiwa iwapo wimbo umeleta balaa ni yule wa maneno.

Msomaji wa jarida hili amekwisha kuuona mfanano. Mwaka 1954 Kaluta Amri Abedi alizichapa sheria za utungaji wa mashairi. Mwaka 1974 Euphrase Kezilahabi akatoa Kichomi bila kuzifuata. Mwaka 1979 Mulokozi na Kahigi wakaja na Kunga za Ushairi. Katika mabishano yaliyofuata tulipigania vina na mizani kana kwamba shairi huishi katika karatasi. Swali la ala tuliliacha kwa wanamuziki. Tuliyakubali maneno ya taarab kuwa fasihi pale tu yalipowekwa katika beti zilizokamilika, udi tukauona kuwa ni pambo. Wasomali waligombana juu ya jambo ambalo sisi tuliliruka: je, neno linapoingia ndani ya sauti ya ala, linabaki kuwa neno? Kwa maoni yetu swali lao ni zuri kuliko letu, na ndilo swali la pekee linaloweza kuuweka wimbo wa metali mahali pake.

Katika Kaskazini Mashariki ya Kenya swali hilo halikubaki la wanasanaa. Mnamo Desemba 1963 serikali mpya ya Kenya ilitangaza hali ya hatari katika Wilaya ya Mpaka wa Kaskazini, na vita vilivyopewa jina la Shifta vikaendelea hadi mapatano ya Arusha ya Oktoba 1967. Redio Mogadishu ilikuwa mshiriki wa vita hivyo. Nyimbo za bendera na za nyota ya pembe tano, ambayo pembe yake moja iliihesabu ardhi hii, zilivuka mpaka kwa mawimbi ambayo askari hawakuweza kuyazuia, na katika mapatano yenyewe suala la kukomesha propaganda ya redio lilikuwemo. Sheria za hali ya hatari ziliendelea hadi mwaka 1991. Kabla hazijaondolewa yalikuja mauaji ya uwanja wa ndege wa Wagalla, karibu na mji wa Wajir, Februari 1984, ambayo serikali ilikiri vifo 57 tu huku walionusurika wakitaja idadi iliyo kubwa mara nyingi zaidi. Katika nchi ya namna hii, kumwambia mtu kwamba wimbo ni burudani tu ni kumfanyia mzaha.

Wakati huo huo, ng'ambo ya mpaka, ala zilikuwa zikibadilika. Miaka ya 1970 na 1980 Mogadishu ilikuwa na makundi yaliyopiga gitaa la umeme, besi, kinanda na seti ya ngoma: Iftin, Sharero, na baadaye Dur-Dur. Mengi yalipigia katika hoteli na katika Jumba la Tamthilia la Taifa, lililojengwa kwa msaada wa Wachina mwaka 1967. Waliosikiliza fanki ya Marekani waliitia katika dhaanto, ngoma ambayo watu wa Wajir na Garissa wanaijua vema na ambayo wengi husema ni ndugu wa rege. Kaseti za muziki huo zilinakiliwa kutoka mkono hadi mkono. Ndege za kivita zilipoipiga Hargeisa mwaka 1988, sehemu ya hazina ya redio ya mji huo ilizikwa ardhini ili isiteketee. Dunia ya Magharibi iligundua muziki huu kwa kuchelewa: albamu Volume 5 ya Dur-Dur ya mwaka 1987 ilitolewa upya Marekani mwaka 2013, na mkusanyo Sweet as Broken Dates ukafuata mwaka 2017. Kwa hiyo mtu anayesema kwamba K'naan aliipeleka roki kwa Wasomali ameigeuza historia kichwa chini. Aliondoka katika mji ambao gitaa la umeme lilikuwa limekwisha kupata uraia.

Sasa turudi kwenye wimbo wenyewe, kwanza jina lake. "If Rap Gets Jealous" lina nafsi ndani yake: rapu ni mtu, anaweza kuona wivu. Kiswahili kingelitafsiri kuwa "Rapu Ikiona Wivu", na hapo kiambishi -ki- kingeleta ukarimu ambao Kiingereza hakina, kwa kuwa -ki- hubeba sharti na wakati pamoja. Ikiona wivu, yaani kama itaona. Ikiona wivu, yaani wakati itakapoona. Kwa sikio la pwani, picha hii ni ya nyumba ya wake wawili. Rapu ni bibi wa kwanza, roki ni yule aliyeletwa baadaye, na mume amesimama mlangoni akijitetea kabla hajashtakiwa. Taarab imekula na kunywa juu ya mada hii. Kwa sikio la Wajir picha ni nyingine, na inaingia ndani zaidi. Ni wivu wa utanzu kwa utanzu, gabay kwa belwo na sauti kwa kaban. K'naan analiuliza swali ambalo wazee wa Hargeisa waliliuliza katika miaka ya 1940, isipokuwa sasa rapu, ambayo ni utungo wa neno na mdundo, imechukua kiti cha maanso, na gitaa la Hammett limechukua kiti cha ala yenye sifa mbaya.

Tukubali ugumu wa dai hili. Wimbo umo katika Kiingereza. Hauna takriri ya sauti moja ya mwanzo. Vina vyake ni vya mwisho, vya kirapu. Mizani ya Gaarriye haiwezi kuupima. Anayetafuta maumbo ya Kisomali ndani yake atatoka mikono mitupu, na mhakiki anayeyalazimisha yawemo anafanya kazi ya kutangaza biashara. Kilichorithiwa ni mahusiano baina ya sehemu. Katika heello ya kaban, ala hutangulia, hunyamaza kidogo au hushuka sauti mwimbaji anapoingia, kisha hurudi baina ya beti. Anaposema mwenye neno, mwenye uzi humtumikia. Toleo la 2009 linafuata adabu hiyo kwa sehemu kubwa. Gitaa limekwaruzwa kwa mitambo hadi likafikia uzito wa metali, ngoma ni za roki kamili, na hata hivyo sauti ya K'naan, nyembamba na ya puani kidogo, imewekwa mbele kabisa ya ala zote, kila silabi ikisikika. Wapiga metali wengi huizamisha sauti ndani ya gitaa. Hapa imeinuliwa juu yake kama sauti ya mghani.

Hammett anapopata nafasi yake ya kupiga peke yake, msikilizaji wa roki husikia kilele cha wimbo. Hiyo ndiyo desturi ya utanzu wao. Msikilizaji wa heello husikia kipumziko baina ya beti. Sehemu ile ile ya muziki, sekunde zile zile, zina vyeo viwili vinavyopingana kwa kutegemea ni nani aliyeketi kusikiliza. Tunaona kwamba hapa ndipo thamani ya wimbo ilipo, na kwamba nafasi yake katika roki ni hii: ni miongoni mwa nyimbo chache za gitaa zito zinazomruhusu mtu kuisikia desturi ya mpiga gitaa kama utumishi. Hatusemi kwamba ni wimbo mkubwa. Kwa ufundi wa maneno "Soobax" ya mwaka 2005, ambayo jina lake ni amri ya Kisomali ya kumtaka mtu ajitokeze, na ambayo iliwakabili wababe wa vita kwa lugha yao, inaushinda kwa mbali. Na kuna mahali ambapo toleo la 2009 linajikwaa: jina la Hammett limewekwa pale pia ili kuuza, na heshima ya mgeni imemfanya mwenyeji aongee kwa kujiona zaidi ya ilivyohitajika.

Ulinganisho na Nairobi unasaidia kuona hiari iliyokuwa mbele yake. Mwaka 2020 kundi la Duma la Nairobi lilitoa albamu yenye jina hilo hilo kupitia Nyege Nyege Tapes ya Kampala. Duma ni giza kwa Kikikuyu. Kundi hilo la watu wawili lilichanganya metali kali na muziki wa mitambo, na sauti ya mwimbaji ni ukelele unaotoka kooni hadi maneno yasitambulike. Wahakiki wa nje walilipokea kwa shangwe. Kwa kipimo cha maanso, neno limekufa hapo, tena limeuawa kwa makusudi, kwa sababu kuna mambo ambayo mtungaji haamini kwamba neno linayaweza. Hatuna budi kuliheshimu chaguo hilo. K'naan, aliyetoka vitani akiwa mtoto, alikuwa na kila sababu ya kupiga ukelele, na akachagua kusema silabi kwa silabi juu ya gitaa lile lile. Baina ya Duma na K'naan kuna mjadala wa kweli wa Afrika Mashariki kuhusu metali, na unatuhusu sisi wa fasihi kuliko unavyowahusu wauza albamu.

Wimbo uliompa K'naan umaarufu ulikuwa katika albamu hiyo hiyo ya 2009. "Wavin' Flag" ulipotungwa ulizungumzia vita na ukimbizi. Kampuni ya Coca-Cola ilipouchukua kwa ajili ya Kombe la Dunia la 2010, uliandikwa upya, maneno ya vita yakatolewa na ya shangwe yakaingizwa. Bendera ya Qarshe ilikuwa na nchi. Wimbo wake "Qolobaa Calankeed" ulifanywa wimbo wa taifa wa Somalia mwaka 2012. Bendera ya 2010 ilipeperushwa kwa niaba ya kila timu na ya kinywaji. Hapo ala haikumeza neno, wala gitaa halikuhusika. Neno lilibadilishwa likiwa wazi, mbele ya watu, kwa mkataba. Wazee waliomhofia Abdi Sinimo walidhani hatari itatoka kwenye ngoma.

Mnamo Aprili 2010, miezi miwili kabla ya mashindano kufunguliwa Afrika Kusini, kundi la Hizbul Islam liliziamuru redio za Mogadishu ziache kupiga muziki wa aina yoyote, pamoja na vionjo vya kufungulia taarifa ya habari. Watangazaji waliendelea kusoma habari. Mahali pa muziki baadhi ya vituo viliweka milio ya risasi, magari na wanyama.